Kumtafuta kobe gamba-laini Ziwa Turkana: Kitale, Lodwar, Kalokol hadi delta ya Turkwel

Watu huenda Turkana kwa mamba, kwa mafuvu ya kale, au kwa kutaka tu kusema wamefika. Mimi na binamu yangu, ambaye ndiye mwenye kamera, tulikwenda kwa sababu ya mnyama ambaye wavuvi wengi wa huko wangefurahi asingekuwepo: kobe gamba-laini wa Nile, anayeitwa kisayansi Trionyx triunguis. Simulizi hii nimeipanga baada ya kurudi, kutoka kwenye daftari lililoingia maji na picha zisizo na mpangilio. Bei ni za Januari tuliyosafiri. Ukienda petroli ikiwa imepanda, ongeza.

Jumamosi usiku: Nairobi – Kitale

Basi la usiku, shilingi 1,500, usingizi wa vipande, chai ya moto Nakuru, na baridi ya Kitale alfajiri. Hakuna la zaidi.

Jumapili: Kitale – Lodwar

Kwenye stendi ya Kitale, magari ya Lodwar yana kona yake, na utaitambua kwa magunia ya mahindi na madebe ya mafuta yanayofungwa juu ya paa. Tuliambiwa gari linatoka saa moja. Liliondoka saa nne kasoro, na kila abiria aliyepanda katikati aliapiwa kwamba ni yeye tu aliyekuwa akingojwa. Nauli 1,800, mzigo wa kamera 200, na makanga hakutaka kusikia kwamba begi tungelipakata.

Tulipita Makutano na Kapenguria, mji wa ile kesi ya Kenyatta na wenzake watano, kisha barabara ikaanza kuteremka kuelekea Marich. Hapo ndipo masweta huvuliwa. Milima ya kijani inabaki nyuma, joto linaingia dirishani, na kufikia Kainuk unajua umeingia nchi nyingine ya miti na watu. Kati ya Kainuk na Lokichar palikuwa na mahali lami imebaki vipande, na dereva wetu aliiacha kabisa akapita mchangani pembeni.

Kwenye kizuizi cha polisi tulikaa karibu saa nzima tukisubiri magari yaongozane. Mama mmoja aliyekuwa amebeba mtoto mgongoni alifungua mfuko akagawa makoma, matunda magumu ya mkoma, kwa kiti chote cha nyuma, bila kuuliza nani ni nani. Binamu aliyatafuna mpaka fizi zikauma. Mama alipouliza tunakwenda kufanya nini, nikamwambia habari za kobe wa ziwani, yule bapa, mwenye pua ndefu. Alicheka akamtafsiria jirani yake kwa Kiturkana, naye akacheka zaidi.

"Huyo ni mwizi," jirani alisema kwa Kiswahili. "Mnatoka Nairobi kuja kumpiga picha mwizi?"

*Kwa watakaofuata:* msipite Kainuk usiku. Ulizeni Kitale hali ya usalama siku hiyohiyo, si wiki iliyopita. Madereva wanajua, na wakikwambia subiri kesho, subiri. Bebeni maji mara mbili ya mnavyodhani.

Lodwar tuliingia jua likizama nyuma ya vilima. Chumba 1,500, feni inazunguka, bomba linatoa maji ya uvuguvugu hata ukifungua upande wa baridi. Hakuna upande wa baridi Lodwar.

Jumatatu: Lodwar

Siku ya matayarisho: pesa kutoka kwenye mashine (Kalokol utategemea M-Pesa), dawa ya mbu, sukari kilo nne na tumbaku ya kuwapelekea wenyeji, maana fedha peke yake si adabu.

Mchana tulimtembelea afisa mmoja wa uvuvi ambaye binamu aliunganishwa naye na rafiki. Alitukaribisha kwa soda na uso wa mtu aliyezoea wageni wa mamba. Nilipomtajia kobe alinyamaza kidogo. Akafungua daftari la tani za samaki: sangara, ngege, na wengine. "Hizi ninazo," akasema. "Za kobe sina. Hakuna anayeniletea kobe kwenye mizani."

Afadhali niweke hapa mambo ambayo msomaji atayahitaji ili aelewe yatakayofuata. Afrika ina kobe gamba-laini wa aina tano. Wanne kati yao wana vifuniko vya ngozi vinavyoficha miguu ya nyuma wanapoikunja: wawili wa jenasi Cyclanorbis, kuanzia Senegali hadi bonde la Nile Nyeupe, na wawili wa Cycloderma, mmoja wa misitu ya Gaboni na Kongo, mwingine wa Zambezi, Ziwa Nyasa na mito ya kusini mwa Tanzania. Wa tano ni huyu wetu, asiye na vifuniko. Eneo lake ni kubwa kuliko la wenzake wote: Afrika Magharibi, bonde la Nile, Ziwa Albert, Turkana, hadi vijito vinavyoingia bahari ya Mediterania huko Israeli na Uturuki. Mkubwa wake anapita kilo 40, na gamba linaweza kukaribia mita moja.

Gamba lenyewe halina magamba magumu ya kobe wa nchi kavu. Ni mfupa bapa uliofunikwa ngozi, na ukingo wake wote ni gegedu linalopinda. Hilo gegedu ndilo msiba wake. Hukaushwa na kusafirishwa kwenda masoko ya Asia ya Mashariki kuwa chakula na dawa, na baada ya kobe wa huko kupungua wanunuzi waligeukia Afrika. Ndiyo maana mwaka 2016, kwenye mkutano wa Johannesburg wa CITES, mkataba wa biashara ya kimataifa ya viumbe walio hatarini, aina zote tano za Afrika ziliingizwa Kiambatisho cha Pili: biashara ya nje haifanyiki bila kibali. Shirika la uhifadhi la IUCN limemweka kobe wa Nile katika kundi la walio hatarini (Vulnerable), na jamii yake ya Mediterania iko katika hatari kubwa kabisa.

Hapa Kenya, Sheria ya Wanyamapori ya 2013 inakataza kuwinda mnyama wa porini hata kwa kitoweo. Afisa alilisema hilo huku akitazama dirishani, kuelekea upande wa ziwa, kilomita kama 50 kutoka pale alipokaa.

Jumanne: Lodwar – Kalokol

Gari dogo la Probox, shilingi 400, watu tisa na mbuzi mmoja buti. Kabla ya Kalokol, kando ya barabara, ziko nguzo za mawe za Namoratunga, zilizosimamishwa maelfu ya miaka iliyopita. Wenyeji husema ni watu waliogeuzwa mawe wakicheza ngoma. Dereva alisimama bila kuombwa, abiria wawili wakashuka wakaweka vijiwe juu ya nguzo, wakarudi, tukaendelea. Sisi tukaweka vyetu pia.

Kalokol ni mji wa samaki mkavu. Harufu unaipata kabla ya nyumba. Pale ufuoni bado kuna jengo la kiwanda cha kugandishia samaki, lililojengwa kwa fedha za Norwei mwanzoni mwa miaka ya 1980. Kilifanya kazi kwa muda mfupi. Umeme wake ulikuwa ghali, kisha ghuba ya Ferguson, ambayo ndiyo ingelisha kiwanda, ikakauka. Watu wakabaki na jengo na nyavu, samaki wakaenda na maji.

Sasa kinyume chake ndicho kinachowasumbua. Ziwa limepanda sana tangu karibu 2019, na ulimi wa mchanga wa Longech umemezwa sehemu kubwa. Miti ya miiba ya mathenge iliyokufa imesimama ndani ya maji, matawi meupe, na boti zinafungwa kwenye miti ambayo zamani mbuzi walipumzika chini yake. Mzee mmoja alituonyesha kwa kidole ilikokuwa nyumba yake. Kidole kilielekea majini.

Kibandani kwa mama mmoja tulikula ngege wa kukaanga na ugali, 250 kwa sahani, na samaki anazidi sahani pande zote mbili. Aliposikia tunatafuta kobe hakucheka. Alisema mwanawe anavua delta ya Turkwel, na huko "wako, tena wakubwa". Akampigia simu papo hapo. Safari nzima iligeuka kwa simu hiyo, na mama alikataa hata kulipwa chai ya pili.

Jumatano: Kisiwa cha Kati

Boti ilikuwa imeshaagizwa kabla ya ile simu, kwa hiyo tulikwenda. Shilingi 12,000 pamoja na mafuta. Wanafunzi wawili wa Eldoret waliokuwa wanazunguka ufuoni bila boti walijiunga nasi, tukagawana kwa wanne. Kiingilio cha hifadhi hulipwa kwa eCitizen, mtandao wa malipo ya serikali, na mtandao wa Kalokol ukikataa umekataa. Lipeni mkiwa Lodwar, na muulize kiwango kipya kabla ya kufunga safari.

Kisiwa ni volkano yenye maziwa matatu ya kreta ndani yake: la mamba, la heroe na la ngege. Ni hifadhi ya taifa tangu 1983, na pamoja na hifadhi ya Sibiloi ya ufuo wa mashariki iliingia orodha ya Urithi wa Dunia 1997. Mamba tuliwaona wengi hata binamu akachoka kupiga picha. Ukingo wa kreta una upepo wa kukutoa machozi, na maji chini ni ya kijani kibichi.

Kobe hakuna. Nahodha wa boti hiyo alisema amewahi kuona wawili watatu kandokando ya kisiwa, wakichungulia pua tu kisha wakazama, na namwamini. Lakini ufuo mwingi wa kisiwa ni mwamba na changarawe za volkano, na mnyama huyu anapenda kujifukia kwenye mchanga au matope akiacha macho na pua. Kama mnakuja kwa mandhari, njooni kisiwani mara ya kwanza na ya pili. Kama mnakuja kwa kobe, fedha hiyo ipelekeni delta.

Njiani kurudi, mmoja wa wale wanafunzi aliuliza swali zuri: kobe wa Nile alifikaje ziwa lisilo na mto unaotoka? Jibu ni kwamba zamani ulikuwepo. Zaidi ya miaka 5,000 iliyopita, maji ya Turkana yalisimama juu kwa mita 80 hadi 100 kuliko sasa na kumwagikia upande wa Nile. Kupitia njia hiyo waliingia sangara, mamba, na kobe. Sangara wa hapa ni mwenyeji, si kama yule wa Ziwa Victoria aliyeletwa na watu. Maji yaliposhuka mlango ulifungwa, na waliobaki ndani ndio hawa.

Na hao tunaowaona ni mabaki ya waliokuwa wengi zaidi. Katika tabaka za kale za bonde hili wataalamu walipata mifupa ya kobe mwenye vifuniko, wakamwita Cyclanorbis turkanensis mwaka 1990. Wa kundi hilo ziwani leo hayupo. Upande wa pili wa ziwa, Koobi Fora, kuna mahali pa miaka milioni 1.95 ambapo mifupa ya kobe, samaki na mamba imekutwa na alama za zana za mawe. Mwanafunzi akasema basi kuliwa kwao hakukuanza jana.

Alhamisi: Upepo

Tulitakiwa kuondoka kwenda delta alfajiri. Upepo ulivuma usiku kucha na asubuhi ziwa lilikuwa jeupe kwa mawimbi. Nahodha, yule mwana wa mama wa samaki, alilitazama mara moja akarudi kulala. Msibishane na nahodha wa Turkana. Tulikaa chini ya paa la makuti la kikundi cha wavuvi kuanzia saa mbili hadi jioni, tukinywa chai ya rangi, na nilijifunza zaidi siku hiyo kuliko ile ya kisiwani.

Malalamiko yao yanaeleweka. Nyavu za kutega hulala majini usiku. Kobe hunusa samaki aliyenaswa, huja akamnyofoa tumbo, na akinaswa yeye mwenyewe hujizungusha mpaka wavu unakuwa fundo. Kucha zake ni tatu kila mguu, na zinafanya kazi. Wavu mmoja mzuri ni fedha ya wiki kadhaa.

"Mamba akikata wavu, tunasema ni mamba," mzee mmoja alisema. "Kobe akikata, tunasema tumeibiwa."

Anayekutwa hai wengine humpiga rungu. Wengine humkatia kamba akaenda. Kuhusu kumla, hapakuwa na jibu moja. Kijana mmoja alisema nyama yake ni nzuri, mwenzake akatema mate chini, wakaanza kutaniana. Lakini wengi hukutwa wameshakufa. Hapa nilishangaa, kwa sababu nilikuwa nimesoma kwamba kobe gamba-laini hufyonza hewa ya majini kupitia ngozi na koo. Mzee alikuwa na jibu lake: akilala ametulia anaweza, akipigana na wavu hawezi. Ni kweli, na joto huongeza taabu: maji ya uvuguvugu hushika oksijeni kidogo wakati mwili unaihitaji zaidi. Kwa hiyo mnyama wa majini anazama majini.

Nao wakauliza langu. Niliwaeleza habari za kobe gamba-laini mkubwa wa mto Yangtze, Rafetus swinhoei. Jike wa mwisho aliyejulikana China alikufa Suzhou, Aprili 2019, siku moja baada ya jaribio la kumpandikizia mbegu. Vietnam wakathibitisha jike mwingine katika ziwa Dong Mo mwaka 2020, matumaini yakafufuka, naye akakutwa amekufa 2023. Dume mzee akabaki Suzhou kwenye bustani ya wanyama.

Walinyamaza, kisha mzee akauliza: "Huko walimaliza kwa kuwala, au walimaliza mchanga?"

Nikamwambia vyote viwili: waliwavua, na mito ikazibwa na kingo zikajengwa. Akatikisa kichwa. "Hapa mchanga unakwenda wenyewe," akasema, akimaanisha ziwa linavyopanda.

Ijumaa: Kalokol – delta ya Turkwel

Ziwa lilitulia. Boti ya uvuvi, 3,000 ya mafuta, tukaambaa ufuo kuelekea kusini. Maji yalibadilika rangi kabla ya kufika: kutoka kijani hadi kahawia ya chai ya maziwa, pale Turkwel inapomwaga udongo wake. Mwanzi, matope, pelikani, mathenge ya kuchoma. Maji ya ziwa yana magadi, na mdomoni mwa mto yanakuwa matamu zaidi. Kobe huyu huvumilia chumvi, huonekana hata baharini, lakini wavuvi wote walituambia neno moja: wakubwa wako huku.

Kijiji ni vibanda vya matawi ya mkoma juu ya tuta la mchanga. Nyumba ya nahodha ilitupa mkeka, na mkewe akatupikia sangara wa mchuzi na ugali. Fedha alizikataa, sukari na tumbaku alizipokea na sehemu ya tumbaku ikaenda kwa mama mkwe papo hapo. Mbu walikuwa wa kutosha kila mtu. Msiende bila chandarua.

Jioni watoto walitupeleka kwenye tuta jingine lililofukuliwa. Kenge alikuwa amepita kabla yetu: alama za mkia, shimo, na maganda ya mayai yametapakaa, meupe na mviringo kamili kama mipira ya tenisi ya mezani. Ya mamba ni marefu, haya hayakuwa ya mamba. Jike hutaga kuanzia mayai 25 hadi 100 kwa mpigo, na huhitaji mchanga mkavu ulio juu ya maji. Nilipima kwa hatua kutoka kiota hadi majini, hazikufika kumi. Maji yakipanda kidogo, kiota chote kinafurika. Juu zaidi ya hapo kuna vibanda na zizi la mbuzi, kwa sababu watu nao wamefukuzwa na maji yaleyale. Tuta ni moja, wanaolihitaji ni wawili.

Karibu asilimia 90 ya maji ya ziwa hutoka mto Omo, Ethiopia. Bwawa la Gibe III lilipozinduliwa 2016, hofu ilikuwa ziwa kukauka. 2018 hifadhi za Turkana ziliingizwa kwenye orodha ya urithi ulio hatarini. Kisha mvua ikaja na ziwa likapanda. Mtu wa Nairobi anaweza kudhani basi mambo yamekaa sawa. Mimi nadhani wote wawili, wa hofu ya kukauka na wa furaha ya kujaa, wanatazama kina cha maji tu. Kwa kobe la muhimu ni ukingo: ulipo msimu huu, na kama utakuwepo mahali hapo mayai yakianguliwa.

Jumamosi: Wavu wa alfajiri

Tuliondoka na nahodha na mdogo wake giza likiwa bado. Wavu wa kwanza ulitoa ngege na kambare mmoja. Wa pili ulikuwa mzito, na mdogo mtu alitamka neno la Kiturkana ambalo halikuhitaji mkalimani.

Alikuja juu mgongo kwanza. Bapa, kahawia ya zeituni, utelezi, gamba karibu sentimita 60 kwa kukisia. Kichwa chembamba chenye madoadoa meupe, na pua iliyochongoka ambayo ndiyo tu angetuonyesha siku nyingine yoyote. Alikuwa hai. Alipumua mara moja kwa nguvu, tukasikia.

Jambo la kujua, ambalo picha hazionyeshi: shingo yake inarefuka kupita kiasi na inafika nyuma ya mgongo. Mdogo wa nahodha alimshika ukingo wa nyuma kabisa, karibu na miguu, kwa mikono miwili, na bado mdomo ulifunga hewani kwa sauti mbele ya kidole chake. Nahodha alikata nyuzi sita au saba kwa kisu, akaangalia lile tundu, akanitazama mimi. Kisha wakamteremsha ubavuni mwa boti. Akazama moja kwa moja bila kugeuka, na binamu akabaki na picha nne nzuri na moja ya kiwiko changu.

Sasa suala la tundu. Ni rahisi kwa mgeni kutoa noti pale pale na kujiona mwema. Sikupenda kufanya hivyo: ukilipa kwa kobe, kesho atategwa kobe ili alipiwe. Tulikubaliana na nahodha kwamba tukirudi Kalokol tununue bunda la uzi wa kushonea nyavu kwa kikundi kizima, 1,200, likae kwa mweka hazina, na atakayekata wavu wake kumwachia kobe achukue uzi bila malipo. Kama litafanya kazi sijui. Mzee wa baraza alilipenda, ila alisema mweka hazina lazima awe mwanamke.

Nahodha alitaja jambo jingine ambalo ni la maana kuliko uzi: kwenda kukagua nyavu usiku wa manane badala ya kungoja alfajiri. Samaki anakuwa mbichi zaidi, na kobe aliyenaswa hapati saa nyingi za kupigana. Ila petroli ni ghali, na usiku kuna mamba.

Jumapili: Eliye Springs

Siku ya kupumzika chini ya mikoma, chemchemi zikitoa maji matamu mita chache kutoka ziwani. Pazuri, pana wageni, chakula bei juu. Tuliosha nguo.

Jumatatu na Jumanne: Kurudi

Lodwar tulifika kwa Land Cruiser iliyobeba magunia ya samaki mkavu, 500 kwa kichwa, na harufu bado iko kwenye begi. Kutoka Lodwar gari liliharibika springi kabla ya Lokichar. Tulikaa chini ya mgunga saa tatu, na mchungaji mmoja kijana akatuletea maziwa ya ngamia kwenye kibuyu, akaketi juu ya ekicholong chake, kile kigoda cha Waturkana, akitazama dereva akigonga chuma. Kitale usiku, Nairobi kesho yake.

Kwa jumla, kila mmoja wetu alitumia karibu shilingi 21,000, kama moja ya tano yake ikiwa boti. Mkiwa wanne mtashuka chini ya hapo.

Anayetaka kobe wa pili wa Turkana aelekee upande wa mashariki. Karibu na Loiyangalani yuko kobe-tope aitwaye Pelusios broadleyi, mdogo, gamba gumu, aliyeelezwa kisayansi 1986, na hajulikani kwingine duniani isipokuwa bonde hili. Njia ya huko ni kupitia Marsabit au Maralal, si Lodwar. Msidhani mtavuka ziwa kwa boti ya uvuvi. Mkipata picha za yeyote kati ya hao wawili, pamoja na tarehe na mahali, zipelekeni idara ya herpetolojia (ya reptilia na amfibia) Makumbusho ya Taifa, Nairobi, au muziweke iNaturalist, tovuti ya kuandikisha viumbe walioonekana. Mahali pa viota msiandike hadharani. Zetu za delta tumeziwasilisha bila jina la kijiji.